Sukuma ya Kusinga

Gesi ilikatika tarehe ishirini na tatu,
maji ya wali yakiwa ndiyo kwanza yaanza kuimba.
Moto ulipiga mwayo wa buluu, ukalala.
Nikautikisa mtungi: mwepesi kama ahadi ya mwenye nyumba.
Mkobani mna shilingi mia na themanini,
na sebuleni mna mavyaa yangu, Bi Kibibi,
aliyevuka daraja kutoka Kisauni
na njaa yake, na meno yake manne.

Nina mafungu mawili ya sukuma ya Kongowea,
yangali na vumbi la lori na baridi ya bara.
Nikasema kwa sauti ndogo, leo tutaila mbichi.
Ukuta wa nyumba za Majengo hauna siri.
"Mbichi? Majani mabichi ni ya mbuzi!"

Sikujibu.
Nilimtoa mbuzi wangu nyuma ya mlango,
nikamkalia, nikakuna nazi.
Huyo mbuzi wa kwanza.
Wa pili yumo kisahanini, pilipili,
nimempasua tumbo, nimemtoa mbegu,
maana ukali wake naujua,
na ukali wa mgeni wangu naujua.
Wa tatu, sikuwa na hakika bado ni nani kati yetu.

Nikayaosha majani maji matatu,
nikayapekua mgongoni, walikojificha vidukari.
Nikang'oa uti wa kila jani,
nikayakunja pamoja kama mkeka,
nikayakata nyuzi nyuzi.
Beseni lilijaa hadi mdomoni.
Nikanyunyiza chumvi, nikaanza kufikicha
kwa ncha za vidole, kama mtu atafutaye sindano.

"Wamwogopa?"
Alikuwa mlangoni, leso kaifunga kiunoni.
"Mwali haguswi hivyo. Hebu nipisha."

Mikono ile,
isiyoweza kufunga kifungo tangu mwaka juzi,
ikaingia beseni na ikasahau kuuma.
Miaka thelathini iliwasinga wali wa Guraya na Kibokoni,
kwa liwa, kwa maji ya waridi,
usiku sita kabla ya usiku wenyewe.
"Chumvi kwanza, kisha mpe nafasi apumue.
Usimvunje. Msinge mpaka akubali mwenyewe."

Akayaita majani kwa majina.
Huyu Mwanakombo, ngozi kavu kama gome.
Huyu Sauda wa Fumo, mabega ya hamali,
alicheka tangu magharibi hadi alfajiri.
Huyu... akanyamaza, akafikicha polepole zaidi.
Huyu hakumtaja.

Majani yakatoka jasho la kijani,
yakaiva rangi bila moto.
Mlima ukawa kichuguu, kichuguu kikawa konzi.
"Ndimu," akasema. "Ndiyo marashi yake."

Nikakamua mbili.
Nikatia nazi, na kitunguu nilichokiosha kwa chumvi,
embe bichi nililokata vijiti,
njugu za kijikaratasi za shilingi ishirini,
mafuta ya uto, matone tu, chupa yenyewe yalia,
na yule mbuzi mwekundu, nusu yake.

Hatukupakua. Tulikula beseni moja, kwa mikono,
tumekaa juu ya jamvi la jikoni.
Nilisikia embe likivunjika kati ya meno yale manne.
Jani halikumshinda hata moja.
Pilipili ilipomfika alifumba macho,
akapiga paja, akarudi tena.
Lililobaki chini, maji ya ndimu na nazi,
aliinua beseni akalinywa.
"Si haba," akasema, "kwa chakula cha mbuzi."

Hodi. Ni Shukri wa gesi, mtungi begani,
amekubali deni hadi mwisho wa mwezi.
"Mama, moto umekuja. Niteleke wali?"

Hakuniangalia.
Alikuwa amenyoosha vidole vyake mbele ya dirisha,
vya kijani hadi kwenye kucha,
akivigeuza huku na huku, kama aliyepakwa hina
asiyejua ni harusi ya nani.

"Chai," akasema.
"Na kesho ununue mafungu matatu."